Keki ya Idi Ipikwe Nyumbani, Hata kwa Kikaango



Shukrani zote anastahiki Allah (s.w.), na rehma na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad (s.a.w.), jamaa zake na masahaba zake. Ama baad.

Wazazi na wanafunzi wapenzi, leo naomba tuzungumze juu ya keki. Huenda mtu akauliza: mwalimu wa madrasa anatafuta nini jikoni? Jibu ni kwamba keki yenyewe ndiyo iliyotangulia kuingia madrasani. Kila Idi inapopita, watoto hurudi darasani, na jambo la kwanza wanaloulizana si nani aliwahi swala ya Idi wala nani alikwenda kumzuru bibi yake. Huulizana: "Kwenu mlinunua keki kubwa kiasi gani?" Anayetoka katika nyumba yenye uwezo hujibu kwa sauti. Asiye nao hunyamaza, na mwengine hutunga uongo. Mtoto wa miaka 9 akisema uongo siku chache tu baada ya Ramadhani kwa sababu ya keki, basi jambo hilo limeshatoka katika mapishi na kuingia katika malezi.

Rai yangu ni hii: keki ya Idi katika nyumba zetu ipikwe nyumbani, kwa chombo kilichopo, na watoto wote, wa kike na wa kiume, washike mwiko.

Watu wazima nao hawajasalimika. Hapa Rwezamenyo nyumba zetu zimekaribiana. Boksi la keki likipita uchochoroni kila jirani analiona, na boksi lisipopita pia linaonekana. Wapo wanaokopa ili boksi lipite, kisha deni la siku moja wanalilipa kwa miezi. Wapo wanaofunga mlango siku ya Idi wasitembelewe, kwa kuwa wanaona haya kumkaribisha mgeni kwa chai na mandazi. Siku iliyowekwa tutembeleane imekuwa siku ya kujificha. Je, hili si la kusikitisha?

Nieleweke vizuri. Sisemi kununua keki ni haramu. Waokaji wetu wanatafuta riziki ya halali, na mwenye uwezo akinunua bila ya kujionesha hana lawama. Ninalolikataa ni keki kufanywa kipimo cha heshima ya mtu.

Wengi huniambia: "Mwalimu, sisi hatuna oveni." Huu ni udhuru ambao wazee wetu wasingeukubali. Uislamu ulifika Kigali pamoja na wafanyabiashara na askari waliotoka pwani zama za Wajerumani, na msikiti wa Al-Fatah pale Biryogo ni wa mwaka 1913. Huko pwani, Zanzibar na Mombasa, akina mama wamepika mkate wa kumimina vizazi kwa vizazi bila ya oveni. Mchele huroweshwa, ukasagwa kwa tui la nazi, ukatiwa hamira, sukari na iliki. Ukishaumuka humiminwa katika sufuria iliyopakwa mafuta, ikawekwa juu ya makaa, kisha makaa mengine yakawekwa juu ya mfuniko. Moto chini, moto juu. Hiyo ndiyo oveni. Kwa hiyo keki ya kikaangoni si jambo geni lililotoka ng'ambo, ni ndugu wa mkate tunaoujua.

Sasa kwa nini nimechagua keki ya tufaha? Mtoto akianza kusoma herufi za Kiarabu, akifika kwenye herufi ya taa, mara nyingi hukuta picha ya tunda jekundu na neno "tuffaha". Analisoma, analiandika, analikariri. Hapa kwetu tunda hilo tunaliita pome, na wengine husema epo. Mengi yanayouzwa mjini hutoka nje ya nchi, hasa Afrika Kusini, kwa sababu mti wake hupenda baridi. Jirani zetu wa milimani Kabale, Uganda, wanayapanda, na Tanzania yanalimwa Lushoto na Njombe, lakini sokoni kwetu bado ni tunda la bei, huuzwa moja moja. Nyumba ya watu wanane haiwezi kumpa kila mtu tufaha lake kila apendapo. Basi wako watoto wanaolijua tufaha kitabuni kuliko mdomoni.

Lakini matufaha mawili yakikatwa vipande vyembamba na kupangwa katika kikaango, hutosha nyumba nzima na kipande cha jirani kikabaki. Hapo ndipo penye hekima ya keki hii: kitu kidogo ambacho kikigawiwa kibichi huleta ugomvi, kikipikwa pamoja kinawaenea wote.

Vipimo ni hivi, kwa kikaango kizito chenye upana wa kama sentimita 24 na kina cha kutosha, au sufuria ya ukubwa huo:

Matufaha 2
Unga wa ngano vikombe 1½
Sukari nusu kikombe, na vijiko 2 vya kulia vya kuweka chini
Mayai 2
Mafuta ya kupikia thuluthi moja ya kikombe, na kidogo ya kupaka
Maziwa au mtindi nusu kikombe
Beking pauda vijiko 2 vya chai
Iliki au mdalasini ya unga kijiko 1 cha chai
Chumvi kidogo

Namna ya kupika:

1. Menya matufaha, toa mbegu, kata vipande vyembamba.
2. Paka kikaango mafuta, nyunyiza vile vijiko 2 vya sukari, kisha panga vipande vya tufaha juu yake.
3. Piga mayai na sukari mpaka yatoe povu. Tia mafuta na maziwa, changanya.
4. Chekecha unga, beking pauda, chumvi na iliki, utie kidogo kidogo. Unga ukishachanganyika, acha kukoroga. Ukikoroga sana keki huwa ngumu.
5. Mimina juu ya matufaha, funika vizuri, weka kwenye moto mdogo sana. Kama ni gesi, funga mfuniko kwa kitambaa safi ili maji ya mvuke yasidondokee keki, na ncha za kitambaa zifungwe juu, mbali na moto. Kama ni mkaa, funika makaa kwa majivu kidogo yapoe nguvu, kisha weka makaa machache juu ya mfuniko wa bati. Ukiweka makaa juu usitumie kitambaa.
6. Acha dakika 30 hadi 40. Usifunue funue. Choma katikati kwa kijiti. Kikitoka kikavu, keki imeiva.
7. Ipumzishe dakika 10, kisha igeuze juu ya sahani ili matufaha yawe juu.

Asiyepata tufaha atumie ndizi mbivu 3, nazo Rwanda hazina uhaba. Asiyekuwa na maziwa atumie maji na atapata keki nzuri tu.

Kuna mambo mawili ya kuangalia. La kwanza, wazazi huuliza kuhusu vanila ya maji. Chupa nyingi za vanila hutengenezwa kwa alkoholi, basi badala ya kubishana, tumia iliki au mdalasini, harufu yake inatosha na moyo unatulia. La pili ni la uhai. Mkaa unapowaka hutoa hewa ya sumu isiyo na rangi wala harufu. Nawausia hasa wanafunzi waliopanga chumba kimoja: jiko la mkaa lisiwake chumbani hata siku ya mvua. Pika nje au penye hewa ya kupita. Keki haina thamani ya roho ya mtu.

Nirudi kwenye malezi. Nikisema watoto wa kiume nao wapike, baadhi ya akina baba hucheka. Lakini tunafundisha darasani kwamba Bibi Aisha (r.a.) alipoulizwa Mtume (s.a.w.) alikuwa akifanya nini nyumbani, alieleza kuwa alikuwa akiwahudumia watu wa nyumba yake, na wakati wa swala ukifika hutoka kwenda kuswali. Imo katika Sahihi ya Bukhari. Ikiwa mbora wa viumbe hakuona unyonge kuwahudumia watu wake, mtoto wa darasa la 6 ana ukubwa gani wa kukataa kuvunja mayai? Mvulana huyo kesho atakwenda kusoma Huye au Kampala, na asiyejua kuwasha jiko hula chochote atakachowekewa na kulipa zaidi. Kesho kutwa atakuwa mume.

Akina mama nao wana hoja yao: kazi za Idi ni nyingi, na watoto jikoni huzidisha kazi kuliko kuipunguza. Ni kweli. Mara ya kwanza unga utamwagika. Ndiyo maana nasema tusingoje Idi. Tuchague siku moja tulivu, mathalan Jumamosi ya mwisho wa mwezi tukishatoka umuganda, familia ikiwa nyumbani. Mtoto mmoja apime, mmoja akate, mmoja akoroge, baba asimamie moto. Ikifika Idi watakuwa wamezoea, na mama atapata mikono ya kumsaidia badala ya midomo ya kumuuliza. Anayepima thuluthi ya kikombe amefanya hesabu, na anayengoja dakika 40 bila ya kufunua amejifunza subira.

Keki ikishaiva, kipande cha kwanza kitoke nje ya nyumba. Mtume (s.a.w.) alimuusia Abu Dharr (r.a.) apikapo mchuzi azidishe maji yake na awakumbuke majirani, kama ilivyopokewa na Muslim. Mchuzi ulioongezwa maji si karamu, lakini unatosha kulinda ujirani. Nasi hatuna sababu ya kuona haya kumpelekea jirani kipande chembamba cha keki ya kikaangoni. Na anayepelekewa asipime ukubwa wa kipande. Hapa kwetu wapo pia majirani wasiokuwa Waislamu, nao wana haki ya jirani. Mtoto ndiye apeleke sahani hiyo, abishe hodi na atoe salamu.

Basi watoto wakirudi madrasani baada ya Idi, wacha waulizane juu ya keki, hakuna ubaya. Ila swali libadilike. Wasiulizane mlinunua kubwa kiasi gani. Waulizane: "Wewe ulifanya kazi gani, na mlimpelekea nani?" Swali hilo mtoto wa tajiri na mtoto wa mchuuzi wanaweza kulijibu sawasawa, na hakuna atakayehitaji kusema uongo.

Allah azitie baraka nyumba zetu na riziki zetu, na atujaalie watoto wenye mikono ya kutoa. Amin.

Wabillahi tawfiq.