Anayetaka bibi akaguliwe, na aubebe mzigo wa kumkagua

KAULI YA WIKI
Na Neema Kisanga

Katika miji ya Marekani kama Louisville, Des Moines na Boise, familia nyingi za Wakongo zinaishi kwa mgongo wa bibi. Mama anaingia zamu ya jioni kwenye kiwanda cha nyama au ghala la mizigo, baba anarudi alfajiri, na vituo vingi vya kulelea watoto vinafunga saa kumi na mbili jioni. Watoto wanabaki na mwanamke wa miaka 60 na kitu, ambaye amewapikia, kuwaogesha na kuwalaza tangu walipokuwa katika kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, Tanzania. Wahenga walisema kulea mimba si kazi, kazi ni kulea mwana. Serikali ya Marekani nayo inaitambua kazi hiyo na ina fungu la kuilipia. Bibi halipwi, mara nyingi, kwa sababu hajavuka makaratasi.

Fungu lenyewe lilianzishwa na sheria ya mwaka 1990. Fedha zinatoka Washington, na kila jimbo linauendesha mpango kwa jina lake na kwa fomu zake. Mtoto awe na umri wa chini ya miaka 13, wazazi wawe kazini, shuleni au kwenye mafunzo, na kipato cha familia kisivuke asilimia 85 ya kipato cha kati cha jimbo, ingawa majimbo mengi yameweka kiwango cha chini zaidi. Mzazi ndiye anayechagua mlezi: kituo, jirani anayelea watoto nyumbani kwake, au ndugu wa familia. Familia ikikubaliwa, inakaa kwenye mpango miezi 12 kabla ya kuhakikiwa upya.

Makadirio ya serikali yenyewe yameonyesha kwa miaka kadhaa kwamba, kati ya watoto wanaostahili kwa vigezo vya Washington, wanaofikiwa ni takriban 1 kati ya 6. Fedha hazitoshi, hilo halina ubishi, na yako majimbo yenye orodha ndefu ya kusubiri. Lakini nimekaa na akina mama wa kutosha katika ukumbi wa kanisa letu, fomu zikiwa mezani, kujua kwamba wengi wao hawajafika hata kwenye hiyo orodha. Wanaishia kwenye ukurasa unaomhusu mlezi.

Ukurasa huo umeletwa na mabadiliko ya sheria ya Novemba 2014, yaliyotiwa saini na Rais Barack Obama. Tangu hapo, mlezi anayelipwa kwa fedha hizi hukaguliwa rekodi zake: alama za vidole zinapelekwa FBI, kisha zinatazamwa kumbukumbu za jinai za jimbo, orodha za waliotiwa hatiani kwa makosa ya ngono, na daftari la jimbo la watu waliothibitika kudhulumu au kutelekeza watoto. Kumbukumbu hizo zinatazamwa katika kila jimbo ambalo mlezi ameishi kwa miaka 5 iliyopita, na ukaguzi unarudiwa angalau kila baada ya miaka 5.

Naiunga mkono sheria hii kwa moyo wote, na ningeiunga mkono hata kama ingekuwa kali zaidi. Katika jamii zetu tumezoea kukabidhi mtoto kwa kauli moja tu: namjua huyu. Watoto wengi wanaodhuriwa wanadhuriwa na mtu anayejulikana vizuri na kuaminiwa nyumbani, na mara nyingi sisi watu wazima tumeyanyamazia mambo hayo ili kulinda jina la ukoo. Sheria inayomtazama mlezi bila kumwonea haya shemeji, mchungaji wala mjomba inamtendea mtoto haki ambayo sisi wenyewe tumeshindwa kumtendea.

Aliyewahi kutafuta cheti cha tabia njema Nairobi au Dar es Salaam anaijua sehemu ya safari hii: wino au mashine ya vidole, ada, kusubiri. Kule mtu hupata cheti chake mwenyewe na kukipeleka anakotaka. Huku majibu yanakwenda ofisi inayosimamia malezi, na ofisi hiyo inatamka tu kwamba mlezi anastahili au hastahili, bila kumwambia mzazi wala kituo yaliyomo ndani. Hiyo ni staha, na walezi wetu waambiwe mapema ili hofu iwapungue.

Tatizo langu ni uzito wa safari hiyo na nani ameachiwa aubebe.

Chukua vidole. Nimemsindikiza bibi mmoja, mkulima tangu utoto kule Fizi, Kongo, ambaye mashine ilishindwa kumsoma. Jembe, kamba za kuni na miaka ya kufua kwa sabuni kali vimezifuta alama zake. Alirudi mara ya pili, zikakataliwa tena. Barua iliyokuja ilikuwa ya Kiingereza kitupu, na familia ikaamini kwamba bibi ameonekana na kosa. Alilia siku nzima. Kumbe utaratibu wa FBI una njia kwa watu kama yeye: alama zikikataliwa mara mbili kwa sababu hazisomeki, ofisi iliyoomba ukaguzi inaweza kuomba atafutwe kwa jina ndani ya siku 90. Ombi hilo hutolewa na ofisi, bibi hawezi kulitoa mwenyewe. Ofisi ikikaa kimya, siku zinakwisha na yeye anarudishwa mwanzo.

Chukua anwani. Fomu inataka mahali pote alipoishi kwa miaka 5, na aliyefika karibuni alikuwa kambini zaidi ya nusu ya muda huo. Kambi ina kanda na vijiji, haina namba ya nyumba wala ya posta. Wengi wanaiacha sehemu hiyo wazi, na fomu inarudi. Inatosha kuandika Nyarugusu, Kigoma, Tanzania, pamoja na mwezi wa kuingia na wa kutoka. Sheria inataka zitazamwe kumbukumbu za majimbo ya Marekani, haimtaki bibi alete cheti kutoka Tanzania.

Chukua jina. Kwetu Kongo mke hachukui jina la mume, na watoto wa tumbo moja wanaweza kuwa na majina matano tofauti. Karani wa kambi aliandika jina moja mbele, karani wa uwanja wa ndege akaligeuza, na maelfu ya watu walipewa tarehe 1 Januari kama siku ya kuzaliwa kwa kuwa hapakuwa na cheti. Sasa fomu inauliza majina yote uliyowahi kutumia, na bibi anaona aibu kama mtu aliyejificha. Ayaandike yote, kama yalivyo kwenye kila karatasi. Jina lililoachwa ndilo linalozua maswali.

Gumu kuliko yote ni swali la kukamatwa. Wakimbizi wengi waliwahi kushikwa na polisi kwa kutoka kambini bila kibali, wakitafuta kuni au kibarua. Bibi akiliona swali hilo, mkono unatetemeka, na wapo wanaomshauri ajibu hapana. Ushauri huo ni mbaya. Makosa yanayomwondoa mlezi moja kwa moja yametajwa katika sheria: mauaji, ubakaji, utekaji, uchomaji wa mali, ukatili kwa mtoto au mwenzi, kupiga na kujeruhi, na makosa makubwa ya dawa za kulevya ya miaka 5 ya karibuni. Kwenda kuokota kuni hakumo. Lakini kusema uongo kwenye fomu kumo, sawa na kukataa kukaguliwa. Bibi asiye na kosa lolote anaweza kupoteza haki yake kwa uongo aliofundishwa na mtu mwenye nia njema.

Ndivyo ilivyo pia kwa undugu. Sheria inayaruhusu majimbo kuwapa nafuu ya ukaguzi huu ndugu wa karibu waliotimiza miaka 18: bibi na babu, wazazi wao, kaka na dada wanaoishi nyumba nyingine, shangazi na wajomba pamoja na mama na baba wadogo na wakubwa, wawe wa damu, wa ndoa au wa amri ya mahakama. Binamu wa mama, ambaye kwetu ni mama mdogo kamili na mtoto humheshimu hivyo, hayumo kwenye orodha hiyo. Aandikwe binamu. Na mlezi asiye ndugu akilelea watoto nyumbani kwake, kila mkazi wa nyumba hiyo mwenye miaka 18 na kuendelea anakaguliwa, hata mpwa aliyefika juzi na kulala sebuleni. Hayo yajulikane kabla ya kuamua watoto walelewe nyumba gani.

Huu ndio mzigo aliotwikwa mwanamke ambaye pengine hakupata nafasi ya kusoma, katika lugha asiyoijua, huku analea. Sheria inataka majibu ya ukaguzi yatoke ndani ya siku 45. Yapo majimbo yanayolipa tangu siku ya maombi, na yapo yanayohesabu tangu siku ya idhini. Kwa hayo ya pili, wiki sita za kulea watoto usiku zinapotea, na bibi aliyepita ukaguzi bila doa halipwi hata senti kwa wiki hizo.

Majimbo yenyewe, sheria ilipokuja, yalipewa hadi mwisho wa Septemba 2017 kuandaa ukaguzi huu, na mengi yakaomba kuongezewa muda, yakaongezewa. Serikali zenye wanasheria na bajeti zilihitaji huruma ya kalenda. Bibi anayekosa siku moja ya miadi kwa sababu hana gari, faili lake linafungwa.

Kwa hiyo natoa madai manne kwa majimbo yanayotupokea. Kwanza, mashine ya vidole ipelekwe walipo walezi, kanisani, msikitini, kwenye majengo ya makazi, baada ya saa za kazi. Mashine hizo zinabebeka. Pili, jimbo lilipe gharama ya ukaguzi. Sheria inakataza kumtoza mlezi zaidi ya gharama halisi, na hakuna kinacholizuia jimbo lisimtoze kabisa. Tatu, mlezi akipita, alipwe tangu siku ya maombi. Nne, awepo mkalimani wa Kiswahili. Agizo la rais la mwaka 2000 kuhusu huduma za lugha lilifutwa Machi 2025, lakini Sheria ya Haki za Kiraia ya mwaka 1964 ni ya Bunge na bado ipo, na inawabana wote wanaopokea fedha za Washington wasimbague mtu kwa asili yake. Ni aibu kumwita mtoto wa miaka 11 amtafsirie bibi yake swali kuhusu ubakaji.

Wasiseme haiwezekani. Mwaka 2022 Kentucky iliamua kwamba wazazi wanaofanya kazi katika vituo vya kulelea watoto walipiwe malezi ya watoto wao wenyewe bila kujali kipato, na majimbo mengine yakafuata. Jimbo likitaka, linaweza.

Na sisi tuna wajibu wetu. Anayejua Kiingereza kwenye jumuiya yetu atenge jioni moja kwa mwezi ya kujaza fomu na wazee, na kila ukurasa upigwe picha kabla ya kupelekwa. Mlezi asiazime jina lake kwa mwingine wala kusaini saa ambazo hakulea, kwa kuwa udanganyifu wa mmoja hulipwa na jumuiya nzima. Ajue pia kwamba fedha hizo ni kipato, zinaingia kwenye hesabu za kodi, na aweke pembeni kiasi mapema. Akinyimwa kwa kumbukumbu isiyo sahihi, akate rufaa, maana sheria imempa haki hiyo na muda wake huandikwa kwenye barua.

Mabunge mengi ya majimbo huanza vikao Januari, na huhitaji kuwa raia ili kumwandikia mbunge wa eneo unaloishi. Mwandikie kwa maneno yako, upate wa kukutafsiria, umweleze ni nani anayelea watoto wa wafanyakazi wa zamu ya usiku katika jimbo lake na amelea miezi mingapi bila malipo. Mwambie hatukatai kukaguliwa. Tunataka watoto wetu walindwe, na tunataka anayewalinda apate ujira wake tangu siku ya kwanza.