Tipa la Mchanga na Bei ya Kulikomboa

Nchini India, tipa likikamatwa na mchanga uliochotwa bila kibali, swali la kwanza la mwenye gari si atafungwa miaka mingapi. Anauliza kulikomboa ni rupia ngapi. Sheria ya Madini ya 1957 imemwandalia jibu: kifungu cha 23A kinamruhusu ofisa aliyeidhinishwa kufifilisha kosa, kabla ya kesi kufunguliwa au hata baadaye. Mkosaji akilipa, shauri chini ya sheria hiyo limekwisha, na aliye mahabusu anaachiwa papo hapo.

Kufifilisha kwenyewe sina ugomvi nako. Mahakama za nchi hiyo zimefurika kesi, na gari likiachwa uani kwa polisi linaoza bila faida kwa yeyote. Mahakama ya Juu ililikemea hilo mwaka 2002 katika shauri la Sunderbhai Desai. Mkulima mwenye trekta moja la mkopo, akisubiri hukumu kwa miaka, atakuwa amefilisika kabla ya kutiwa hatiani. Kwake ada ni nafuu ya haki.

Tatizo ni bei. Ada hupangwa na ofisa, na sharti la kutozidi faini ya juu lipo tu kwa kosa lenye adhabu ya faini pekee. Faini yenyewe ya kuchimba bila kibali, kabla ya marekebisho ya 2015, iliishia rupia 25,000. Mwaka huo ikapandishwa hadi laki 5 kwa hekta, pamoja na kifungo cha hadi miaka 5. Ni kali, mpaka ujiulize tipa lililokamatwa barabarani usiku wa manane lina hekta ngapi. Kipimo hicho kinafaa shimo, si gari.

Februari 2020 Baraza la Kitaifa la Mazingira lilijaribu njia nyingine: fidia ya laki 4 kwa gari lenye bei ya dukani inayozidi laki 25 na umri chini ya miaka 5, laki 3 kwa lenye thamani hiyo na umri wa miaka 5 hadi 10, na laki 2 kwa mengine. Angalau mwenye gari la maana anaguswa. Lakini kinachopimwa bado ni gari, wakati kilichoumia ni mto. Katika mto Chambal, mamba adimu waitwao gharial hutaga mayai kwenye mafungu ya mchanga, na fungu likishabebwa hakuna risiti itakayolirudisha.

Desemba 2020, katika shauri la Jayant kutoka Madhya Pradesh, Mahakama ya Juu iliamua kwamba aliyelipa ada hashtakiwi tena chini ya sheria ya madini, ila anaweza kushtakiwa kwa wizi chini ya sheria ya jinai. Wapo wanaolalamika: nani atalipa iwapo malipo hayamalizi kesi? Hoja yao ina uzito kwa mkosaji wa mara ya kwanza. Kwa mwenye msafara wa matipa haina, maana yeye ada ameshaiingiza kwenye hesabu pamoja na dizeli na matairi.

Tusisahau pia wanaoyasimamisha magari hayo. Machi 2012 ofisa wa polisi Narendra Kumar aliuawa Morena kwa trekta lenye tela la mawe. Julai 2022, huko Nuh jimboni Haryana, ofisa mwingine wa polisi, Surender Singh, aligongwa na lori akafa papo hapo. Ni aibu askari ahatarishe roho yake kulizuia gari ambalo mwenyewe atalilipia na kulirudisha kazini.

Kifungu cha 23A hakitofautishi kosa la kwanza na la kumi. Bunge la India likirekebishe: kosa la kwanza lififilishwe kwa ada inayotokana na thamani ya mchanga na gharama ya kuuponya mto, likirudiwa, ada isipokelewe, gari litaifishwe kwa amri ya mahakama kama kifungu cha 21 kinavyoruhusu, na mnunuzi wa mchanga huo asimame kizimbani pamoja na dereva.