Amri ya Korti Haina Mkubwa

Wako wasemao kwamba shtaka la kuidharau korti ni la kulinda heshima ya majaji tu. Mimi nasema lamlinda zaidi mnyonge. Mwalimu aliyeshinda kesi ya kazi ana karatasi tu mkononi. Mwajiri akikataa kuitii, na korti haina uwezo wa kumtoza faini wala kumfunga, karatasi ile itamfaa nini?

Tuwatazame jirani zetu wa Kenya. Mwezi wa Juni, 2015, korti ya mambo ya kazi iliamuru mishahara ya walimu iongezwe kwa asilimia 50 mpaka 60. Serikali haikulipa, ikasema haina fedha. Septemba walimu wakagoma, na watoto wakakosa masomo majuma mengi. Tarehe 25 mwezi ule korti ikaamuru mgomo usimame, na Oktoba walimu wakarudi madarasani. Novemba Korti ya Rufani ikaifuta nyongeza ile.

Wengine watasema, basi serikali ilifanya vema kutolipa. La! Kukata rufani ni haki ya kila mtu, lakini amri hutiiwa mpaka korti yenyewe iisimamishe au kuifuta. Sheria ni msumeno, hukata mbele na nyuma. Mwalimu akiamriwa kurudi kazini hana budi kurudi; mwajiri akiamriwa kulipa hana budi kulipa.

Ninyi mliotutangulia, mlio maofisini leo, tuonyesheni mfano. Wakubwa wakidharau amri, nani atamfundisha mtoto kutii kengele ya shule?