Waya si fyuzi

Ndugu mwandishi, katika makala yako ya fyuzi za gari umeiacha mvua, na sisi wa Kisangani ndiyo adui yetu. Hapa karibu na ikweta unyevu haukauki; mara nyingi fyuzi ni nzima ila miguu yake imeshika kutu. Zima gari, ichomoe, isugue, irudishe, kisha jaribu taa. Kwenye gari lililotumika Japani kwanza, kifuniko cha boksi la fyuzi kimeandikwa Kijapani, basi ukibadilisha fyuzi fuata rangi yake: nyekundu ampea 10, bluu 15, njano 20, kijani 30. Fyuzi mpya nayo ikiungua papo hapo, huenda kuna waya uliochubuka unagusa bodi. Fundi akitaka kuizungushia fyuzi iliyoungua karatasi ya kung'aa ya pakiti ya sigara, mkatalie, hata akikucheka. Hapo kitakachoungua ni nyaya zenyewe.