Shauri la Ndoa Lisikilizwe Wapi? Fundisho Kutoka India

Askari huhamishwa kwa amri. Shauri la ndoa huhamishwa kwa maombi. Nchini India mambo haya mawili hukutana mara kwa mara, nalo swali linalozuka limewashughulisha majaji kwa miaka mingi: mume na mke waliotengana, kila mmoja katika jimbo lake, wasimame mbele ya mahakama ipi?

Tuchukue mfano. Askari amefungua shauri la talaka mjini Pune, walikoishi pamoja mara ya mwisho. Mkewe amekwisha rudi kwa wazazi wake Lucknow, na mtoto mchanga mgongoni. Kila siku ya shauri itampasa kusafiri kwa gari moshi zaidi ya kilomita elfu moja, akitafuta nauli, malazi na ndugu wa kumsindikiza. Asipofika, hukumu yaweza kutolewa bila yeye kusikilizwa.

Sheria ya Mahakama za Familia ya mwaka 1984 inamtaka hakimu ajitahidi kwanza kuwapatanisha wenye shauri, na haimpi mtu haki ya moja kwa moja ya kusemewa na wakili. Kwa hiyo umbali si usumbufu tu, kwani asiyeweza kufika hukosa hata nafasi ya suluhu.

Tiba imo katika Sheria ya Mwenendo wa Madai ya mwaka 1908. Ndani ya jimbo, Mahakama Kuu yaweza kulihamisha shauri. Kutoka jimbo hadi jimbo, ni Mahakama ya Juu iliyoko Delhi. Aidha, marekebisho ya mwaka 2003 katika Sheria ya Ndoa za Wahindu yalimruhusu mke kufungua shauri mahali anapoishi.

Lakini maombi yalizidi kuwa mengi. Machi 2017 majaji wawili wa Mahakama ya Juu walishauri kwamba, badala ya kuhamisha shauri, wahusika wasikilizwe kwa njia ya video. Oktoba mwaka huo huo majaji watatu, kwa wingi wa wawili dhidi ya mmoja, waliutengua uamuzi huo. Walisema kuwa siri ya ndoa na juhudi za upatanisho zahitaji watu kuonana ana kwa ana. Video itumike tu baada ya suluhu kushindikana, na pande zote mbili zikikubali. Jaji D. Y. Chandrachud ndiye aliyepinga. Naye alipokuwa Jaji Mkuu, Novemba 2022, alieleza kuwa maombi ya namna hiyo yapatayo 3,000 yalikuwa yakingoja, akaagiza kila jopo lisikilize kumi kila siku.

Katika kupima maombi hayo, urahisi wa mke hupewa uzito mkubwa, pamoja na hali ya uchumi na maisha ya pande zote mbili. Je, mume aliye zamu mpakani anaachwa bila kinga? La. Sheria ya mwaka 1925 kuhusu mashauri ya askari iliweka utaratibu wa kuahirisha shauri la askari aliye vitani au katika utumishi wa hali maalumu, asiye na wa kumwakilisha, na wa kutengua hukumu iliyotolewa dhidi yake akiwa huko.

Hapa ndipo penye fundisho kwetu sisi tuvaao sare. Sheria inayomlinda askari asihukumiwe akiwa kazini haikutungwa ili afiche nyuma yake matunzo ya mtoto wake. Anayechagua mahakama ya mbali ili mwenzake achoke njiani hajashinda shauri, amelikimbia tu. Mwenye haki haoni hofu kusikilizwa mahali ambapo wote wawili wanaweza kufika.