Uji wa Kopo Si Uji wa Shayiri

Shahada ya uzamifu haimkingi mtu na aibu ya jikoni. Nilipokwenda Mkokoni, kijiji cha Wabajuni kilichoko bara katika Lamu Mashariki, mkabala na kisiwa cha Kiwayu, nilichukua daftari, kinasa sauti na orodha ndefu ya maneno niliyokusudia kuwauliza wenyeji. Orodha hiyo nilikuwa nimeitunga ofisini, na haikuwa na hata neno moja la kiamshakinywa. Siku ya pili, baada ya sala ya alfajiri, mama aliyenikaribisha kwake aliteleka maji, akashika kopo la bati lenye picha ya mzee mwenye kofia pana, akanigeukia. "Mwanangu, wewe ndiwe mwalimu wa Kiswahili. Hiki kilichomo humu chaitwaje?"

Sikusita hata kidogo. Nilimwambia ni shayiri. Mama akacheka hata akaliweka kopo chini. "Shayiri naijua. Shayiri ndiyo ya talbina. Hii siyo."

Alisema kweli, nami nilikuwa nimepotoka. Shayiri ni neno tulilolipokea kutoka kwa Waarabu, na tangu lilipoingia katika lugha yetu limekuwa jina la nafaka moja maalumu: ile ya mikate mitano ya yule kijana katika Injili ya Yohana, ile ya uji wa maziwa na asali ambao Waislamu huuita talbina na kumpa mgonjwa au aliyefiwa, na ile ambayo wakulima wa Narok huipanda ili viwanda vitengeneze bia. Nafaka ya kopo ni nyingine kabisa. Wataalamu wa mimea huiita Avena sativa, nao Waarabu, ambao ndio waliotupa shayiri, wanalo jina jingine kwa hii ya kopo: huiita shufani. Ni sisi tu, walimu na wafasiri, tulioyachanganya mambo haya mawili. Twaona neno la Kiingereza la nafaka ya kopo, twatafuta nafaka ya kizungu iliyokwisha kuwa na jina la Kiswahili, kisha twalibandika jina hilo bila kuuliza.

Huenda msomaji akaniuliza: kuna hasara gani? Hasara ipo, tena ni ya sufuria. Nafaka ya kopo huwa imekwisha kupitishwa katika mvuke na kubanwa kwa magurudumu ya chuma hata ikawa bapa. Ndiyo maana huiva kwa dakika tano. Shayiri nzima haijui haraka hiyo, nayo hutaka kuchemka karibu saa nzima. Mwanafunzi atakayesoma katika kitabu chake kwamba uji wa shayiri hupikwa kwa dakika tano, akaenda dukani akanunua shayiri na kufuata maagizo hayo, atatafuna changarawe. Atalaumu mapishi, kumbe aliyemkosesha ni mfasiri.

Pwani ilikwisha kupata njia yake. Katika nyumba nyingi nafaka hii huitwa kwa jina la kampuni, Quaker, kama vile Waomani na Waarabu wengine wa Ghuba wanavyoiita supu yao ya Ramadhani supu ya Quaker. Jina hilo lilisajiliwa kuwa alama ya biashara nchini Marekani mwaka wa 1877, katika jimbo la Ohio, na leo ni jina la chakula midomoni mwa watu ambao Ohio hawaijui wala hawana haja nayo. Hilo si ajabu katika lugha. La ajabu ni jinsi nafaka yenyewe inavyopanda na kushuka cheo. Samuel Johnson, mtunga kamusi wa Kiingereza, aliieleza katika kamusi yake ya mwaka wa 1755 kwa kejeli kwamba kwa Waingereza ilikuwa chakula cha farasi ilhali Waskoti waliitegemea kuwa riziki yao. Hapa Kenya hupandwa katika nyanda za juu, aghalabu kwa ajili ya kulisha ng'ombe wa maziwa. Kwa hiyo ng'ombe wa Nyandarua na mtoto wa Mkokoni huweza kuanza siku kwa nafaka moja, ingawa mmoja wao huipata katika kopo lililovuka bahari.

Je, tuiiteje katika Kiswahili cha maandishi? Nionavyo mimi, "oti" yatosha: ni neno ambalo wengi wamekwisha kulisikia kwa wafanyabiashara, na halimnyang'anyi mwenzake jina. Anayependa shufani simkatazi. Ninalokataa ni kulichukua neno lenye mwenyewe na kulivika kitu kigeni.

Turudi jikoni, maana mama hakungoja mjadala wangu umalizike. Alitwanga hiliki akazitia katika maji pamoja na kijiti cha mdalasini na chumvi kidogo, kwa maneno yake "hiliki chachu". Nakiri kwamba kwa nukta moja nilishtuka, nikafikiri ni hiliki zilizochachuka. Kumbe alisema tatu! Katika Kibajuni sauti ya "t" ya maneno mengi ya Kiswahili sanifu hutamkwa "ch", hivyo tatu huwa chachu, na mtu huwa mchu. Kanuni hiyo nimeifundisha darasani kwa miaka mingi, lakini kuifundisha ni jambo moja na kuisikia mbele ya moto, kabla ya kunywa chai, ni jambo jingine.

Maji yalipochemka na kunukia, alimimina oti kikombe kimoja katika vikombe viwili vya maji, akapunguza moto, akawa anakoroga polepole kwa mwiko. Angalia kitenzi hapo: uji hukorogwa, ugali husongwa, wali hupalizwa makaa. Dakika tano hivi zilipopita alitia tende nne alizokwisha kuzitoa kokwa na kuzikatakata, na mwisho kabisa akatia nusu kikombe cha tui zito, lile la kwanza, ambalo lilikuwa limekunwa kwa mbuzi na kuchujwa kwa kifumbu usiku huo huo. Tui halitiwi mwanzo, alinionya, wala halichemshwi kwa moto mkali, kwa sababu hukatika, mafuta yakaelea peke yake na uji ukaharibika sura. Sukari hakutia. Tende zilikuwa zimekwisha kuifanya kazi hiyo. Asiye na tende aweza kuponda ndizi mbivu moja, au kutia kijiko cha asali au cha sukari guru. Asiye na oti asikate tamaa pia: unga wa mtama au wa wimbi hufaa vilevile, ila sharti uvurugwe kwanza kwa maji baridi usije ukafanya madonge, na upewe dakika kumi na tano za moto badala ya tano. Viungo ni vile vile, tui ni lile lile.

Hivi ndivyo uji mtamu wa haraka unavyopikwa, na watu wa pwani walikuwa wakiupika hivyo kabla kopo halijawafikia. Kilichobadilika ni nafaka tu.

Nalitaja hili kwa sababu siku hizi madukani kuna vipakiti vya uji wa oti uliokwisha kutiwa sukari na ladha ya matunda, nao huuzwa kama kwamba ladha ni uvumbuzi wa kiwandani. Mtu humimina maji ya moto, akakoroga, akala. Sina ugomvi na haraka. Mwalimu anayetoka nyumbani kabla ya jua kuchomoza aihitaji, na mwanafunzi wa bweni aihitaji zaidi. Lakini kipakiti kimoja cha namna hiyo huweza kuwa na gramu 10 za sukari au zaidi, yaani vijiko viwili vya chai na ushei, na mlaji hana uwezo wa kuipunguza, maana imekwisha kuchanganywa. Shirika la Afya Duniani lilipendekeza mwaka wa 2015 kwamba sukari ya kuongezwa isizidi sehemu moja ya kumi ya nguvu tunazozipata katika chakula, na ikiwezekana ishuke hadi nusu ya hapo, ambayo kwa mtu mzima ni gramu 25 hivi kwa siku nzima. Hesabu hiyo mwanafunzi wa shule ya msingi aweza kuifanya mwenyewe. Na haraka yenyewe ni ya dakika ngapi? Oti ya kopo isiyotiwa kitu huiva kwa dakika tano. Kipakiti kinamwokolea mlaji dakika nne, na kumtoza hiliki, tui na uhuru wa kuonja.

Kinachonisumbua zaidi, hata hivyo, si sukari, bali ni daftari la insha. Miaka ya nyuma, nilipokuwa katika mazoezi ya ualimu katika shule moja ya pwani, niliwapa wanafunzi insha juu ya kiamshakinywa cha nyumbani. Wengi waliandika mkate uliopakwa siagi, mayai, soseji na nafaka za maziwa baridi, vitu ambavyo nilijua fika kwamba havikuwa mezani mwao asubuhi hiyo wala asubuhi nyingine. Walivitoa kitabuni. Msichana mmoja tu, mzaliwa wa Amu, aliandika alichokula: uji wa "mtele" uliopikwa kwa "mai" na tui. Nami nilifanya nini? Nilishika kalamu nyekundu nikayazungushia duara maneno hayo mawili, nikaandika juu yake mchele na maji, nikamkata alama. Waliobuni soseji niliwapa alama nzuri kwa msamiati. Insha iliyofuata msichana yule aliandika soseji.

Sikuwa mjinga wa lahaja. Nilijua kwamba Kiswahili sanifu kilijengwa juu ya Kiunguja baada ya mkutano wa Mombasa wa mwaka wa 1928, na kwamba uteuzi huo haukuwa hukumu ya ubora. Nilijua kwamba Mwana Kupona wa Pate alitunga utendi wake mwaka wa 1858 akimusia bintiye kwa lugha ya pande hizo hizo. Utendi huo tunausifu vyuoni, na lugha ya jiko lililouzaa tunaikata alama. Isitoshe, tangu ripoti ya Gachathi ya mwaka wa 1976 sera ya nchi hii imekuwa kwamba mtoto wa madarasa ya chini afundishwe kwa lugha ya mahali anapoishi. Mahali hapo pakiwa ni Mkokoni, lugha hiyo ni Kibajuni. Lakini kwa kuwa Kibajuni ni lahaja ya Kiswahili, tunajidanganya kwamba sera imekwisha kutekelezwa pindi kitabu cha Kiswahili sanifu kinapofunguliwa. Mtoto wa Kikuyu au wa Kiluo akisema neno la kwao, mwalimu hujua kwamba amesikia lugha nyingine. Mtoto wa Kibajuni akisema chachu, mwalimu hudhani kwamba amesikia kosa.

Sisemi kwamba mtihani wa taifa uandikwe kwa lahaja zote. Mtoto wa Mkokoni anahitaji tatu na mtu na mchele ili aelewane na wa Kitale na wa Kigoma, na mwalimu asiyemfundisha hivyo amemdhulumu. Ninachowaomba walimu wenzangu ni kidogo na chafanyika Jumatatu ijayo. Mnapofundisha sajili ya mapishi, au insha ya maelezo, wekeni kitabu kando kwa kipindi kimoja. Mwambieni kila mwanafunzi aandike jinsi uji unavyopikwa kwao, hatua kwa hatua, kwa maneno ya anayeupika. Kisha andikeni ubaoni safu mbili, neno la nyumbani na neno sanifu, bila kalamu nyekundu. Mtakusanya vitenzi ambavyo hamkuwa navyo, na majina ya viungo, vyombo na viwango vya moto ambavyo kamusi zetu hazijayasajili. Nanyi wanafunzi, muulizeni mpishi wa nyumbani kabla ya kuniuliza mimi. Yaliyonipata mmeyaona.

Nilimwuliza mama yule, baada ya aibu yangu kupoa, kwamba nyumbani mwake wanakiitaje kile kitu. "Uji wa kopo," akasema, kana kwamba nimeuliza jina la bahari. Nikaliandika. Nilimwuliza pia, kwa kuwa sikuweza kujizuia, iwapo Mkokoni imepata jina kwa ukoko wa sufuria, maana wajukuu wake wawili walikuwa wakiugombea ukoko wa uji pale pale. Akaninyoshea kidole ufukweni, kwenye mikoko iliyosimama ndani ya maji, akaniambia nile kabla uji haujapoa.