Mng'aro wa Meza Usigharimu Pafu la Fundi

Meza ing'aayo katika ofisi ya umma, iwe Mzumbe au Unguja, mara nyingi imepigwa laka kwa bomba la kupulizia. Chombo hicho kimewapunguzia maseremala muda wa kazi. Hata hivyo, hatuna budi kusema wazi kwamba kimewaongezea hatari.

Laka hulainishwa kwa thina, ambayo aghalabu ina toluini au asetoni. Bomba huigeuza kuwa ukungu, na mvuke wake, ulio mzito kuliko hewa, hutambaa chini mpaka ukutane na jiko la mkaa, sigara au cheche ya swichi. Mvuke wa asetoni huweza kushika moto hata katika baridi ya nyuzi 20 chini ya sifuri. Sembuse katika joto la Morogoro au la Visiwani! Ukivutwa kwa miaka mingi, mvuke wa thina hudhuru ubongo. Laka za kuchanganya na kigumishi chenye isosayaneti huweza kuleta pumu ya kudumu.

Husemwa kuwa ajali haina kinga. Hii inayo. Kazi ifanywe mahali penye hewa ipitayo, mbali na moto. Fundi asitegemee kitambaa usoni, kwani huzuia vumbi tu. Avae barakoa ya vichujio vya kunasa mvuke.

Sheria nazo zipo. Bara inayo Sheria Na. 5 ya mwaka 2003 ya Usalama na Afya Mahali pa Kazi, na Zanzibar inayo yake ya mwaka 2005. Uzito wake mkubwa umemwangukia mwajiri. Lakini fundi wa karakana ndogo mara nyingi hujiajiri mwenyewe, na anaposhindania zabuni kwa bei ya chini, barakoa ndiyo ya kwanza kuachwa. Kwa hiyo mnunuzi naye ana dhima, na Serikali ni mnunuzi mkubwa.

Mzumbe imewafunda watumishi wa umma tangu Chuo cha Uongozi wa Maendeleo cha mwaka 1972, kilichokuwa Chuo Kikuu mwaka 2001. Wengi wa wanaotoka huko ndio watiao saini zabuni za samani. Tunawashauri wao, pamoja na wenzao wa Unguja na Pemba, waandike gharama ya kinga ndani ya mkataba, na wafike karakanani kabla ya kulipa. Tahadhari ni kabla ya athari.